Barua za Marehemu ni za Nani?

Wasomaji wetu wanaopenda vitabu vya historia ya Uingereza wamekwisha kuona kwamba vitabu hivyo si vile vya zamani. Hapo kale mwanafunzi alikaririshwa majina ya wafalme, tarehe za vita na sheria zilizopitishwa Bungeni, kisha akaambiwa kwamba amejua historia. Siku hizi akifungua kitabu atakuta ugomvi wa karani na mkewe, hesabu ya mishumaa na nyama, barua za mama kwa mwanawe aliye mbali, na ramani ya vyumba vya nyumba kubwa pamoja na mlango uliotumiwa na watumishi. Twasoma, twafurahi, na mara nyingine twacheka peke yetu. Lakini ni wachache wanaosimama na kujiuliza: je, nani ametupa ruhusa? Mwenye barua amekwisha kufa, wala hakuulizwa. Naye alipoandika hakuandika kwa ajili yetu, bali kwa ajili ya jicho la mtu mmoja, na pengine kwa ajili ya jicho lake mwenyewe tu.

Swali hilo si la wataalamu peke yao. Kila jamaa iliyofiwa na mzee hulikuta siku ile sanduku lake linapofunguliwa. Lakini tutachukua mifano yetu Uingereza, kwa sababu Waingereza ni watu walioandika sana na kuyatunza sana makaratasi yao, na tena kwa sababu baadhi ya makaratasi hayo, kama tutakavyoona, yatuhusu sisi wa Afrika ya Mashariki.

Tuanze na sheria, kwani watu hao wamekuwa wepesi kuyapeleka mambo ya namna hii mbele ya majaji. Mwaka 1604, katika kesi ijulikanayo kwa jina la Semayne, mahakama ilisema kwamba nyumba ya mtu ni ngome yake. Ijapokuwa iliongeza kwamba watumishi wa Mfalme waweza kuingia kwa nguvu wakiwa na haki, mradi wapige hodi kwanza na kueleza wanalotaka. (Sisi tuliolelewa na desturi ya hodi hatukuhitaji jaji kutufundisha hilo.) Novemba 1762 wajumbe wa serikali waliivunja nyumba ya mwandishi mmoja, John Entick, wakapekua makasha yake kwa saa nyingi na kuchukua makaratasi yake. Entick aliwashtaki, na mwaka 1765 Jaji Mkuu Lord Camden akahukumu kwamba hakuna sheria yoyote katika nchi iliyowapa ruhusa ya kufanya hivyo, na kwamba makaratasi ya mtu yamo katika mali anayoithamini kuliko zote.

Kesi ya tatu yapendeza zaidi. Mwaka 1741 mshairi Alexander Pope alimshtaki mchapaji Edmund Curll kwa kuchapisha barua alizokuwa amewaandikia rafiki zake. Curll alijitetea kwamba barua ikishapelekwa ni zawadi, na aliyeipokea aweza kuifanya apendavyo. Lord Hardwicke, aliyekuwa Lord Chancellor, alikata maneno hayo kwa namna ambayo hata leo haijapitwa na wakati: karatasi ni mali ya aliyeipokea, lakini maneno yabaki kuwa ya aliyeandika, na bila idhini yake hayawezi kuchapishwa. Pope huyo, wataalamu wamekwisha kugundua, miaka michache kabla ya kesi alikuwa amefanya hila ya kumfanya Curll yuleyule azichapishe barua zake nyingine, apate kisingizio cha kuzitoa yeye mwenyewe. Hukumu njema, yaonekana, yaweza kupatikana kwa mkono wa mtu mjanja.

Basi sheria yamlinda mwandishi aliye hai. Na aliyekufa je? Hapo sheria ya Uingereza yanyamaza. Marehemu hawezi kukashifiwa mbele ya sheria. Mtu akiandika juu yake hata uongo mtupu, jamaa zake hawana pa kushtaki kwa niaba yake. Ni kweli kwamba kwa sheria ya mwaka 1988 maandishi mengi ya watu wa zamani ambayo hayakuchapishwa yana mwenyewe mpaka mwisho wa mwaka 2039, lakini hiyo ni haki ya warithi juu ya mali yao. Heshima ya marehemu haimo. Tena sensa ya watu hufungwa kwa miaka 100, ndiyo maana ile ya Uingereza na Wales ya mwaka 1921 ilifunguliwa Januari 2022. Lakini hapo pia wanaofikiriwa ni walio hai, wale waliokuwa watoto wachanga siku ya kuhesabiwa. Mahali sheria iliponyamaza ndipo dhamiri inapotakiwa kusema.

Wako wanaojibu upesi: maiti haoni haya. Aliyekufa hasikii kicheko chetu, basi hadhuriki. Sisi hatulikubali jibu hilo. Kama marehemu hana tena haki yoyote kwetu, kwa nini twautii wasia wake? Kwa nini twalipa madeni yake, na kuona ni aibu kumvunjia ahadi tuliyomwahidi kitandani? Na mkatekisimu yeyote atakumbuka kwamba katika mafundisho ya amri ya nane kuna dhambi mbili zinazotofautishwa: kumsingizia mtu jambo asilolifanya, na kumfunua katika kosa alilolifanya kweli pasipo sababu ya haki. Dhambi hiyo ya pili haikomi kwa kuwa aliyefunuliwa amezikwa. Sifa njema ni kitu ambacho mtu hukiacha nyuma yake kama anavyoacha shamba.

Lakini tutazame jambo lenyewe, maana katika mifano ndipo ugumu unapoonekana.

Samuel Pepys alikuwa karani mkubwa katika ofisi ya manowari za Mfalme mjini London. Tangu Januari 1, 1660, mpaka Mei 31, 1669, aliandika kila siku katika madaftari yake mambo yote aliyoyaona, aliyoyala, aliyoyatenda na aliyoyatamani. Tauni ya mwaka 1665 imo, na moto mkubwa wa mwaka 1666 umo, pamoja na habari kwamba moto ulipokaribia alichimba shimo bustanini akafukia divai yake na jibini yake ya Kiitaliano. Aliyaandika kwa hatimkato, na pale palipohusu tamaa zake na wanawake alichanganya na maneno ya Kihispania, Kifaransa na Kilatini, kana kwamba alitaka kujificha hata ndani ya maficho. Aliacha kuandika kwa kuogopa kwamba anapofuka.

Alipokufa mwaka 1703 aliacha maktaba ya vitabu vipatavyo 3,000, akaagiza viende katika chuo cha Magdalene, Cambridge, visipunguzwe wala kuongezwa hata kimoja. Vilifika mwaka 1724, na madaftari sita ya siri yakiwa rafuni pamoja navyo. Karibu miaka 100 hakuna aliyeyasoma. Kisha kati ya mwaka 1819 na 1822 mwanafunzi maskini, John Smith, alifanya kazi ya kuyafumbua neno kwa neno, asijue kwamba kitabu chenye kufundisha hatimkato ile kilikuwamo katika maktaba iyo hiyo. Sehemu yake ilichapishwa mwaka 1825, na maneno yote pasipo kuficha kitu yalitolewa kidogo kidogo kati ya mwaka 1970 na 1983.

Je, Pepys aliibiwa siri yake? Twadhani hapana. Mtu atakaye kuficha huchoma. Yeye alijalidisha madaftari yake vizuri, akayaandika katika orodha ya vitabu, akaweka na ufunguo wake rafuni. Alijua wasomi watakuja. Aliwafungia mlango watu wa siku zake, si sisi.

Lakini Pepys hakuwa peke yake katika madaftari yale. Alikuwamo mkewe, Elizabeth. Alikuwamo msichana aliyekuwa akimhudumia Elizabeth, Deborah Willet, ambaye Pepys alimfanyia mambo ya aibu mpaka siku ya Oktoba 1668 mkewe alipowakuta. Na aliyefukuzwa nyumbani, kama ilivyo desturi ya dunia, ni msichana. Hao wawili hawakuandika orodha ya vitabu wala hawakuacha ufunguo. Nani aliwauliza?

Hapo mtu mwema aweza kusema: basi afadhali madaftari yale yangaliteketea, kwa ajili ya heshima ya wanawake wale. Nasi tungalikubaliana naye, kama pasingalikuwa na habari moja iliyomo ndani yake. Mwezi Januari 1663 Elizabeth alimsomea mumewe karatasi aliyoiandika mwenyewe, akieleza upweke wake na jinsi maisha yake ya kufungiwa ndani yalivyomchosha. Pepys alikasirika, hasa kwa sababu karatasi ile iliandikwa kwa Kiingereza cha wazi, na mtu yeyote angaliweza kuisoma. Akamnyang'anya, akairarua mbele ya macho yake, pamoja na barua nyingine alizokuwa akizitunza, hata zile alizomwandikia yeye mwenyewe siku za uchumba. Kisha akaenda akaandika hayo yote katika hatimkato.

Fikirini, wasomaji. Maneno ya mke yaliraruliwa kwa kuwa yalisomeka; maneno ya mume yalidumu kwa kuwa hayakusomeka. Elizabeth alikufa Novemba 1669, hajatimiza miaka 30. Kama madaftari yale yangalichomwa kwa ajili ya heshima yake, tusingalijua hata kwamba alipata kulalamika. Njia pekee ya kuisikia sauti yake ni kuusoma ushahidi wa mtu aliyeinyamazisha. Kwa hiyo hatuwezi kusema kwa urahisi kwamba kufunika ni heshima na kufunua ni dharau. Mara nyingine aliyefunikwa ni yule aliyedhulumiwa, na kifuniko kimewekwa na mwenye kudhulumu.

Nyumba nazo ni kama vitabu, na waandishi wa siku hizi wamejifunza kuzisoma. Mark Girouard, katika kitabu chake cha mwaka 1978 juu ya maisha katika nyumba kubwa za mashamba ya Uingereza, alionyesha jinsi bwana na watumishi walivyokula pamoja zamani katika ukumbi mmoja, na jinsi mabwana walivyozidi kujitenga katika vyumba vya faragha. Katikati ya karne ya 17 mjenzi Roger Pratt alijenga nyumba ya Coleshill, akaweka ngazi za nyuma, ili watumishi wapande na kushuka na vyungu vyao vya uchafu bila kukutana na waheshimiwa. Nyumba ile iliungua mwaka 1952, lakini ngazi za nyuma zilikuwa zimekwisha kuenea katika nchi nzima. Ni jambo la kuchekesha kidogo: bwana alijenga ngazi asipate kumwona mtumishi, naye mtumishi kwa ngazi iyo hiyo aliingia kila chumba na kuyajua yote.

Ziko nyumba nyingine ambazo siri yake haikuwa ya kuchekesha. Kwa sheria ya mwaka 1585, padre aliyepewa upadre ng'ambo akionekana katika Uingereza alihesabiwa kuwa mhaini, na aliyempokea nyumbani alistahili kunyongwa. Katika miaka ile seremala mmoja wa Oxford, Nicholas Owen, bruda wa Shirika la Yesu, mtu mfupi wa kimo, alizunguka nyumba za Wakatoliki akijenga mahali pa kujificha: chini ya ngazi, nyuma ya meko, ndani ya kuta nene. Mchana alifanya kazi yoyote mbele za watu, na usiku alichimba jiwe peke yake, asipate mtu mwingine kujua. Alikamatwa Januari 1606 katika nyumba ya Hindlip, alipotoka mafichoni kwa njaa, akapelekwa katika Mnara wa London. Waliomkamata walijua kwamba wamepata hazina, kwa maana kichwani mwa mtu yule mmoja mlikuwa na ramani ya nyumba nyingi na uhai wa watu wengi. Walimtesa mpaka akafa, naye hakutaja hata shimo moja. Papa Paulo VI alimtangaza mtakatifu mwaka 1970.

Leo mtu akienda Harvington Hall, karibu na Kidderminster, ataonyeshwa mashimo ambayo yadhaniwa kuwa kazi ya Owen, na watoto wa shule huingia na kutoka humo wakicheka. Je, siri ya mtakatifu imevunjwa? La hasha. Siri ile ilikuwa na kazi, nayo ilikuwa kuwalinda watu. Wawindaji walipokwisha, kazi yake nayo ikaisha. Siri haina utakatifu ndani yake yenyewe, ila hupata heshima kwa kile inachokilinda. Twaomba wasomaji walishike neno hili, maana tutalihitaji mbele.

Sasa tuje kwa mama mmoja aliyelaumiwa sana. Sir Richard Burton ajulikana kwetu: ndiye aliyefika Kazeh, karibu na Tabora ya leo, Novemba 1857, akaendelea mpaka Ujiji mwezi Februari uliofuata, akaandika kitabu juu ya nchi yetu chenye maarifa mengi na dharau nyingi. Alikufa Trieste Oktoba 1890. Mezani aliacha tafsiri ya kitabu cha Kiarabu kihusucho mapenzi ya mwili, kazi aliyokuwa akiishughulikia siku zake za mwisho. Mchapaji alimwahidi mjane gini 6,000, nayo gini ilizidi paundi kwa shilingi moja. Isabel Burton, aliyekuwa Mkatoliki mwenye bidii, na ambaye hakuachiwa mali nyingi, alikataa fedha ile. Aliutia mswada motoni, na mwaka 1891 akatangaza jambo hilo mwenyewe gazetini. Wataalamu walimkasirikia, na wengine wamkasirikia mpaka leo. Hakuwa wa kwanza: Mei 1824, chini ya mwezi mmoja baada ya kifo cha mshairi Byron, rafiki zake walikutana katika nyumba ya mchapaji John Murray, London, wakachoma kumbukumbu alizoandika juu ya maisha yake, na baadhi yao walikuwa hawajazisoma hata kidogo.

Tusemeje juu ya Isabel? Wanaomwita mjinga hawamtendei haki. Mjane aliyekataa mali nyingi kiasi kile kwa ajili ya jina la mumewe ametenda jambo ambalo wengi wetu tusingaliliweza. Lakini twaona kosa katika hoja yake. Kitabu kile hakikuwa siri ya ndoa yao, wala barua ya faragha; kilikuwa kazi ya mwanachuoni, aliyokusudia kuichapisha. Kama aliona kitadhuru roho za wasomaji, alikuwa na haki ya kukataa kukiuza yeye. Kukiangamiza kisiwepo tena duniani ni jambo jingine, kwani ni kumfanyia marehemu uamuzi ambao yeye mwenyewe alikuwa amekwisha kuufanya kinyume. Hapo pendo lilivuka mpaka likawa utawala. Wamelala pamoja katika makaburi ya Mortlake, London, ndani ya kaburi la jiwe lililojengwa mfano wa hema, nalo lina dirisha la kioo nyuma. Mgeni hupanda ngazi ndogo akachungulia majeneza yote mawili.

Kuna namna nyingine ya kuficha, isiyohitaji moto. Dakta Livingstone alikuwapo Nyangwe, katika Kongo ya leo, siku ile ya Julai 15, 1871, watu wa misafara ya biashara walipowafyatulia risasi wanawake na wanaume waliokuwa sokoni, wakafa mamia. Hakuwa na karatasi. Aliandika juu ya gazeti la zamani, kwa wino alioutengeneza kwa mbegu za mti, akikatisha mistari iliyochapwa. Baadaye aliyanakili hayo katika daftari lake kubwa. Alipokufa mwaka 1873, Susi na Chuma na wenzao waliubeba mwili wake pamoja na makaratasi yake mpaka Bagamoyo, ambako Februari 1874 mwili ulipokelewa katika misheni ya Mapadre wa Roho Mtakatifu. Mwaka uleule Horace Waller alichapisha kitabu cha safari zake za mwisho, akiwa amesaidiwa na Susi na Chuma waliofika Uingereza. Wino wa gazetini ulififia hata usisomeke. Baadaye wataalamu waliupiga picha kwa mwanga wa rangi mbalimbali, maandiko yakatokea tena. Na ilionekana kwamba maneno ya siku zile za kwanza hayakulingana kila mahali na yale yaliyonakiliwa, wala yaliyonakiliwa na yale yaliyochapwa. Livingstone alikuwa amejipunguza mwenyewe, na Waller akampunguza tena.

Je, Livingstone angalipenda tuyasome ya kwanza? Pengine hapana. Lakini habari ya Nyangwe si yake. Ni ya wale waliokufa sokoni na kapu zao. Shahidi wa mauaji hana haki ya kuutunza ushuhuda kama mtu atunzavyo barua ya mchumba.

Neno hili latufikisha kwenye makaratasi ya serikali. Uhuru ulipokuwa ukikaribia, mwaka 1961, Waziri wa Makoloni Iain Macleod alitoa agizo kwamba hati ambazo zingeweza kuitia serikali ya Malkia aibu zisiachiwe serikali mpya. Nyingine zilichomwa, na nyingine zilipelekwa Uingereza kimya kimya. Nchi iliyokuwa na sheria ya hifadhi ya nyaraka ya mwaka 1958, iliyoamuru hati za serikali zifunguliwe baada ya miaka 50, na baadaye 30, ilikuwa na majalada ambayo hayakuonekana katika orodha yoyote. Wazee wa Kenya walioteswa katika kambi za Hali ya Hatari walipoishtaki serikali ile mjini London mwaka 2009, hoja ya ushahidi ikawa kubwa, na mwaka 2011 serikali ikakiri kwamba yako majalada yapatayo 8,800 ya nchi 37 zilizokuwa chini yake, yamehifadhiwa Hanslope Park. Juni 2013 ilieleza masikitiko yake Bungeni na kukubali kulipa paundi milioni 19.9 kwa ajili ya watu 5,228.

Hao walikuwa hai. Walikuwa wazee, wengi hawajui kusoma, na makovu yao yalikuwa hayatoshi kuwa ushahidi mpaka karatasi ilipopatikana. Mtu asituambie kwamba majalada yale nayo ni siri za marehemu, ati maofisa walioyaandika wamekwisha kuzikwa na wana watoto wenye kuona haya. Tulikwisha kusema kwamba siri hupata heshima kwa kile inachokilinda. Owen alilinda watu wasiteswe. Agizo lile lililinda watesaji wasijulikane. Ofisa aliyekufa ana haki kwamba tusimsingizie, tusimtwike kosa la mwenzake, tusizitangaze barua zake kwa mkewe zilizokutwa katika jalada lilelile kwa bahati. Lakini muhuri aliopiga juu ya hati ya mateso si sehemu ya faragha yake.

Sasa turudi kwenye sanduku la mzee. Humo mna hati ya shamba, risiti za kodi, kadi ya ubatizo, picha za watu wasiojulikana tena, na furushi la barua lililofungwa kwa uzi. Twajua desturi mbili zilizoko katika nyumba zetu. Katika moja, wakubwa huchoma kila kitu siku ya kuondoa matanga, ati yasizuke maneno. Katika nyingine vijana huchukua barua na kuzisoma kwa sauti, na siku hizi huzipiga picha kwa simu na kuzituma kwa ukoo mzima kabla ya jua kutua. Desturi zote mbili twaziona mbaya, na ya pili ni mbaya zaidi, kwa kuwa karatasi iliyochomwa yaumiza mara moja, lakini iliyotawanywa haikusanyiki tena.

Wosia wa mzee, kama aliuacha, ufuatwe: akisema chomeni, zichomwe, isipokuwa pale palipo na haki ya mtu mwingine ndani yake, kama deni, mpaka wa shamba, au mtoto aliyezaliwa nje akafichwa. Huyo mtoto aweza kuwa na miaka 60 leo, naye ana haki ya kumjua baba yake kuliko marehemu alivyo na haki ya kulificha jina lake. Pasipo wosia, na asome mmoja tu, mtu mzima, mwenye kifua, aliyechaguliwa na jamaa. Barua za mapenzi kati ya babu na bibi zifungwe tena kwa uzi wake. Wajukuu wa wajukuu watazifungua siku moja, kama wasomaji wa Cambridge walivyofungua madaftari ya Pepys, na haya itakuwa imekwisha, kubaki upendo na bei ya chumvi. Na barua ambazo mwandishi wake yu hai, iwe ni ndugu aliyegombana na mzee, au mwanamke aliyemwandikia kabla hajaoa, hizo zisisomwe na mtu. Karatasi ni yenu, mmeirithi. Maneno ni yake. Zitiwe katika bahasha, zifungwe, apelekewe.